Kukodi kinu cha mpunga: banda tupu, kinu kizima, au kuendesha kwa mgao?

Anayetaka kuingia kwenye biashara ya kukoboa mpunga bila kujenga kinu chake ana njia tatu. Ya kwanza ni kukodi banda tupu akaleta mashine zake. Ya pili ni kukodi kinu kizima: mashine zimeshafungwa, umeme wa njia tatu umeshavutwa, yeye anaingia na wateja wake na kulipa kodi ya pango kwa mwezi au kwa msimu. Ya tatu ni kuendesha kinu cha mtu kwa mgao, yaani kila gunia likikobolewa, sehemu ya hela inakwenda kwa mwenye kinu na nyingine inabaki kwa mwendeshaji.

Watu huzilinganisha kwa bei. Banda ni nafuu kwa mwezi lakini mashine zinakula mtaji. Kinu kizima kodi yake inauma lakini unaanza kazi kesho yake. Mgao hauhitaji hela nyingi ya kuanzia, ila faida inakatwa katikati. Yote kweli. Lakini bei unaijua siku ya kusaini, na kesi za vinu huzuka baadaye kabisa, mwezi wa tano au wa sita, mpunga umejaa uwanjani, ofisa biashara wa halmashauri anaingia na kuuliza leseni iliyobandikwa ukutani ni ya nani. Kwa hiyo nitazilinganisha kwa swali hili: mkikosana, au serikali ikifunga kinu, nani anabaki na nini mkononi?

Jibu langu nalitoa mapema ili asiye na muda aondoke nalo. Kama unaweza kupata leseni kwa jina lako, kodi kinu kizima kwa mkataba wa maandishi wa misimu miwili au zaidi. Kama huwezi, au mwenye kinu hataki, mgao ulioandikwa vizuri ni salama kuliko kukodi kinu na kuazima leseni yake. Banda tupu liachie mwenye mtaji wa mashine na subira ya kusoma karatasi za ardhi. Nazungumzia zaidi Tanzania Bara. Kenya nitaileta kwa sababu sheria yake ya pango la biashara ina kinga ambayo huku haipo.

Karatasi ziko kwa jina la nani

Kinu kimoja cha mpunga kina karatasi nyingi kuliko watu wanavyodhani. Kuna hati ya ardhi, au hati ya hakimiliki ya kimila kama kiko kijijini. Kuna mita ya TANESCO. Kuna leseni ya biashara chini ya Sheria ya Leseni za Biashara, ambayo kwa biashara nyingi za ngazi ya wilaya hutolewa na halmashauri. Kuna leseni au cheti cha usajili wa kiwanda kutoka BRELA, wakala wa usajili wa biashara na leseni, chini ya Sura ya 46, sheria ya leseni na usajili wa viwanda, kutegemea ukubwa wa mtaji. Jengo la kusindika chakula husajiliwa chini ya TBS, shirika la viwango, ambayo Julai 2019 ilichukua kazi ya usalama wa chakula kutoka iliyokuwa TFDA, mamlaka ya chakula na dawa. Sehemu ya kazi inasajiliwa OSHA, wakala wa usalama na afya kazini. Mizani inakaguliwa na Wakala wa Vipimo. Juu ya yote hayo kuna TIN, yaani namba ya mlipakodi, na mashine ya risiti ya EFD.

Baadhi ya karatasi hizi zinakaa na jengo na nyingine zinamfuata mtu. Hati ya ardhi na mita ya umeme hubaki palepale, wapangaji wakija na kuondoka. Leseni ya biashara na TIN ni za anayefanya biashara. Mgogoro huanza pale karatasi ya mtu inapotendewa kama karatasi ya jengo, pale mwenye kinu anapokodisha banda na mashine halafu anaongeza: "leseni ipo, wewe fanya kazi tu."

Banda tupu

Kwa upande wa vibali, njia hii ndiyo safi kuliko zote. Leseni unaiomba mwenyewe kwa TIN yako, na mkataba wa pango unauambatanisha kwenye maombi kuonyesha eneo la biashara. Mwenye banda hana cha kukunyang'anya hapo.

Shida inahamia kwenye ardhi na kwenye bolti. Mashine ya kukobolea, ya kung'arishia, lifti ya kupandisha mpunga na mota hufungwa kwenye zege. Sheria ya Ardhi, Sura ya 113, inahesabu majengo na vitu vilivyofungwa kwa kudumu kuwa sehemu ya ardhi. Kanuni ya sheria za Kiingereza tuliyoirithi inamruhusu mpangaji kung'oa vifaa vyake vya biashara kabla pango halijaisha, lakini ukichelewa, na mkataba ukiwa kimya, umempa mwenye banda sababu ya kusema kilichomo ndani ya zege ni chake. Dawa yake ni ya kuchosha lakini rahisi. Orodhesha kila mashine pamoja na namba yake na picha yake, andika kwamba ni mali ya mpangaji, na weka siku kadhaa baada ya mwisho wa pango za kuiondoa na kurekebisha sakafu.

Ardhi yenyewe ni hatari kubwa zaidi. Vinu vingi vimejengwa jirani na mashamba, kwenye ardhi ya kijiji. Chini ya Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Sura ya 114, mwenye hakimiliki ya kimila anapotaka kumpangisha mtu wa nje, halmashauri ya kijiji inapaswa kuidhinisha. Watu hulipuuza hili kwa sababu mwenyekiti anajua na amekunywa chai kwenye ufunguzi. Mwenyekiti kujua si idhini. Idhini ni muhtasari wa kikao.

Kuna kesi ya Uganda inayoonyesha mkataba usio na idhini unavyoweza kuwaacha wote wawili. Serwano Kulubya, aliyewahi kuwa meya wa kwanza Mwafrika wa Kampala, alikodisha ardhi yake ya mailo, umiliki wa kudumu wa huko Buganda, kwa mtu asiye Mwafrika bila idhini ambazo sheria za wakati ule zilizitaka. Baadaye aliitaka ardhi yake. Shauri lilipanda mpaka Baraza la Faragha la London, rufaa ya mwisho ya enzi hizo, likaamuliwa mwaka 1963. Kulubya alirudishiwa ardhi kwa kuwa haki yake ilitokana na umiliki wake, haikuhitaji kuegemea ule mkataba haramu. Madai ya kodi na fidia aliyokuwa nayo aliyaacha njiani. Mpangaji alitoka, na mwenye ardhi alishinda bila kodi. Mpangaji wa banda la kijijini asiye na muhtasari wa kikao yuko karibu sana na hali hiyo, tena yeye ameshamwaga zege.

Kinu kizima

Njia hii ina sura mbili zinazofanana kwa nje. Katika sura ya kwanza mwenye kinu anakukodisha jengo na mashine, nawe unakata leseni yako. Katika ya pili unafanya kazi chini ya leseni yake. Tofauti ya sura hizi mbili ni kubwa kuliko tofauti ya kukodi kinu na kukodi banda.

Tuanze na ya pili kwa kuwa ndiyo inayoshawishi. Mpangaji anakwepa foleni ya vibali, mwenye kinu anajiona bado ameshika usukani. Kisha mauzo yanaanza kupita kwenye EFD ya mwenye kinu, na machoni pa TRA mapato yako yanakuwa yake. Makadirio yake yanapanda, anakuja kukudai nyongeza ambayo haikuandikwa popote. Ukijaribu kujiokoa kwa kutoa risiti kwa TIN yako huku leseni ni yake, karatasi mbili zinapingana ukutani, na mkaguzi yeyote anaziona.

Halafu leseni ina mwisho wake. Mwenye kinu aliyepata mpangaji wa bei nzuri zaidi hana haja ya kukupa notisi. Anaacha leseni ife, na halmashauri inakuja kumfanyia kazi hiyo ya kukutoa. Ukimfikisha mbele ya hakimu atasema hakukufukuza, kinu kilifungwa na serikali. Wewe utabaki kutafuta sentensi kwenye mkataba inayomlazimisha kuhuisha leseni, na kwenye mikataba mingi ya kurasa mbili inayouzwa stesheneri sentensi hiyo haimo.

Kubwa kuliko yote ni uharamu. Kufanya biashara bila leseni yako ni kosa, na Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, kifungu cha 23, inabatilisha makubaliano ambayo kusudi lake limekatazwa na sheria. Mpangaji aliyejua kwamba anatumia leseni isiyo yake anapodai fidia ya msimu uliopotea, wakili wa upande wa pili atasimama na kifungu hicho. Hatashinda kila mara. Inategemea ni nini hasa kilichokatazwa na nani alijua nini. Ila umemrahisishia kazi. Kwa asiyejua kuna afadhali katika kifungu cha 56: aliyeahidi jambo alilojua, au ambalo angepaswa kujua, kuwa haliwezekani au ni haramu, anamlipa fidia mwenzake ambaye hakujua. Ndiyo maana nakala za vibali vyote ziambatishwe kwenye mkataba, na mwenye kinu atamke kwa maandishi kwamba ni hai. Tamko hilo ndilo litakalosema baadaye nani alijua.

Sasa sura ya kwanza, ninayoipendekeza. Kila kitu kinakuwa kwa jina la anayefanya kazi: leseni, TIN, EFD, usajili wa OSHA, uhakiki wa mizani. Ugomvi unaobaki ni wa muda. Unasaini leo, unalipa miezi sita mbele, halafu leseni inachukua wiki kadhaa kwa sababu jengo halina choo kinachokubalika au paa linavuja juu ya mchele. Nani anabeba wiki hizo? Kifungu ninachokipigania kuliko vyote ni hiki: kodi ianze kuhesabiwa siku leseni ya mpangaji inapotoka. Wenye vinu huguna mwanzoni. Ukiweka kikomo, tuseme siku 45 na baada ya hapo kila upande uwe huru kujitoa na fedha zirudi, mazungumzo hulainika.

Kinu kikifungwa katikati ya pango, gawanya lawama kwa chanzo. Kasoro ya jengo, kama paa, sakafu, choo au vumbi linalokosa pa kutokea, ni ya mwenye kinu na kodi isimame. Kasoro ya uendeshaji, kama leseni ya mpangaji kuisha au mizani kukosa muhuri, ni ya mpangaji na kodi iendelee. Mkataba unaosema tu "vibali ni jukumu la mpangaji" unamfanya mpangaji alipe kodi ya kinu kilichofungwa kwa sababu ya choo cha mtu mwingine. Ukikutana nao, usisaini.

Matengenezo nayo huzaa kesi nyingi kwa vitu vidogo. Rola za mpira, nyavu na mikanda huisha kwa kazi, ziwe za mpangaji. Mota, gia na mfumo wa umeme viwe vya mwenye kinu, isipokuwa vimeharibiwa kwa uzembe. Siku ya makabidhiano msiishie kuhesabu mashine. Ziwasheni, mkoboe magunia machache ya mpunga mkavu, mpime mchele mzima na chenga, mwandike, msaini. Mpunga mkavu vizuri kwenye mashine nzima hutoa takriban theluthi mbili ya uzito wake. Mashine ikishaanza kuvunja mchele, wateja wanahama bila kuaga, na hapo ndipo mpangaji husema ilikuwa mbovu tangu mwanzo na mwenye kinu husema imeuawa na opereta. Karatasi ya jaribio inawasaidia wote wawili, ndiyo maana naona ajabu kwamba wachache sana huifanya.

Kabla ya kulipa hata shilingi, uliza mambo mawili yasiyopendeza. La kwanza ni mirathi. Kinu cha marehemu hukodishwa na msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama. Kaka mkubwa anayeshika funguo hana mamlaka kwa kushika funguo tu. Wadogo zake watakuja na barua ya mahakama na kodi uliyolipa itakuwa kesi yako na kaka. La pili ni rehani. Mnada wa benki haungoji mpangaji amalize msimu, na mwenye kinu mwenye deni ndiye hasa anayekuwa na haraka ya kukodisha kwa kodi ya mwaka mzima mkononi.

Kuna pia ushuru wa stempu, 1% ya kodi ya pango ya mwaka. Watu huuona mzigo mpaka siku mkataba unapokataliwa kupokelewa kama ushahidi kwa kukosa stempu, maana Sheria ya Ushuru wa Stempu inakataza hivyo. Unaweza kulipa baadaye pamoja na adhabu, lakini umeshapoteza tarehe ya kesi. Na mpangaji mfanyabiashara anatakiwa kuzuia 10% ya kodi ya pango la jengo na kuiwasilisha TRA. Mwenye kinu asiyejua hili atasema umelipa pungufu na kukuandikia notisi. Mpe cheti cha zuio, na liandikwe kwenye mkataba tangu mwanzo kama kodi iliyotajwa ni kabla au baada ya zuio.

Umekodi jengo au umekodi mashine?

Swali hili linaonekana la kitabuni mpaka shauri linapofunguliwa mahali pasipo pake. Nchini India, ambako sheria za kuwalinda wapangaji zina nguvu, Mahakama ya Juu ililijibu katika miaka ya 1960 kwenye kesi ya kinu cha dengu. Mpangaji alitaka kinga ya mpangaji wa nyumba. Mahakama ikatazama kusudi kuu la mkataba: kilichokodishwa hasa kilikuwa kinu na mashine zake, jengo lilikuwa la kuvihifadhi. Kinga akaikosa. Mwaka 1975 mahakama hiyohiyo ilifuata mwelekeo huo kwa jumba la sinema lililokodishwa likiwa na vifaa vyake.

Maamuzi ya India hayafungi mahakama zetu, lakini Sheria yetu ya Mikataba ilichotwa kwenye ya kwao na mawakili huyanukuu. Kwetu matokeo yake ni ya mamlaka. Ukidai kurudishiwa banda, hilo ni shauri la ardhi. Ukidai bei ya mota iliyoungua, hilo ni deni la mkataba. Mahakama hutazama madai na nafuu zilizoombwa, na shauri lililofunguliwa kwenye chombo kisicho na mamlaka hutupwa hata kama haki ni yako. Andika kodi ya jengo na kodi ya mashine kama tarakimu mbili kwenye mkataba mmoja. Inasaidia kwenye hesabu za zuio, na inasaidia zaidi mkigombana.

Mgao

Hapa leseni ya mwenye kinu inakaa kihalali kwa sababu biashara ni yake. Wewe ni mwendeshaji. Ofisa akija anamkuta mwenye leseni ndiye mwenye biashara, na kazi inaendelea. Kwa mtu asiye na mtaji, au anayetaka kujifunza soko la Kahama au Ubaruku kwa msimu mmoja kabla ya kujifunga, naiona njia nzuri kuliko inavyosifiwa.

Udhaifu wake ni kwamba huna pango. Una ruhusa ya kuwa pale na kufanya kazi, na mwenye kinu akiamua muachane, mara nyingi utabaki na madai ya fedha, huna haki ya kubaki ndani. Jina la mkataba halitoshi kuamua: mwaka 1985 Bunge la Mabwana la Uingereza lilisisitiza kwamba mtu aliyepewa matumizi ya peke yake ya jengo kwa muda na kwa kodi ni mpangaji hata kama karatasi inamwita kitu kingine. Kwa hiyo mwenye kinu anayetaka mgao wa kweli abaki na funguo zake, aingie atakapo, asimamie hesabu. Akikuachia kila kitu na kuja kuchukua kiasi kilekile kila mwezi, huo ni upangaji uliovaa kanzu ya mgao.

Angalieni pia mnagawana nini. Sheria ya Mikataba ndiyo iliyobeba kanuni za ubia, na chini yake kugawana mapato ghafi peke yake hakuwafanyi wabia, ilhali kugawana faida ni ushahidi wa ubia. Wabia hubeba madeni ya biashara kwa pamoja. Mgao wa kiasi fulani kwa kila gunia lililokobolewa ni salama na unahesabika kwa daftari la magunia. Kwa "tutagawana faida nusu kwa nusu" unaweza kukuta unadaiwa luku, mishahara na mpunga wa watu uliopotea kabla hujafika.

Na mishahara ni suala zito. Mfanyakazi akikatwa mkono na mkanda, mwajiri ni nani? Akiachishwa kazi ana siku 30 za kupeleka lalamiko la kuachishwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, na atamtaja kila aliyewahi kumpa hela. Mkataba wa mgao usiosema nani anaajiri na nani anachangia Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi haujakamilika.

Kenya: kinga iliyo upande wa pili wa mpaka

Mwea, kaunti ya Kirinyaga, ilipitia ugomvi wake mkubwa juu ya nani ana haki ya kukoboa. Kwa miaka mingi mpunga wa skimu ya umwagiliaji ya huko ulipaswa kupita kwa Bodi ya Taifa ya Umwagiliaji. Mwaka 1998 na 1999 wakulima waligoma kuupeleka huko, damu ikamwagika, na baada ya hapo vinu vya watu binafsi vikaongezeka karibu na Wang'uru.

Mpangaji wa kinu huko ana Sura ya 301, sheria ya wapangaji wa maduka, hoteli na sehemu za vyakula. Inalinda pango lisiloandikwa, au lililoandikwa kwa muda usiozidi miaka mitano, au lenye kifungu cha kulikatiza kwa sababu isiyo ya kuvunja mkataba. Na "duka" kwa sheria hiyo ni pamoja na mahali pa kutoa huduma kwa malipo. Kinu kinachotoza ada ya kukoboa, kwa maoni yangu, kinaingia humo. Mwenye jengo lazima atoe notisi ya fomu maalumu, isiyopungua miezi miwili, na mpangaji akiipinga kwa wakati mbele ya Baraza la Kodi za Majengo ya Biashara, pango linaendelea mpaka baraza liamue.

Tanzania tulifuta sheria ya udhibiti wa kodi za pango mwaka 2005. Kwa hiyo makubaliano ya mdomo yaleyale, ya mwezi kwa mwezi, yanamwingiza mpangaji wa Wang'uru kwenye kinga na yanamwacha wa Ifakara mikono mitupu. Mwekezaji anayeshika pande zote mbili za mpaka asitumie mkataba mmoja. Upande wa Kenya mwenye kinu ndiye anayepaswa kuogopa mkataba mfupi, na kama amekodisha kinu na mashine zake, atajaribu hoja ya kinu cha dengu. Vibali pia ni tofauti: kibali cha biashara hutolewa na kaunti, na wasindikaji wa mpunga husajiliwa chini ya Sheria ya Mazao ya 2013.

Pa kupeleka shauri

Kwa Tanzania, mgogoro wa kutolewa au kurudishiwa jengo unaanzia Baraza la Kata, ambalo tangu 2021 linasuluhisha tu, haliamui. Likishindwa ndani ya siku 30 linatoa cheti, nawe unakwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, lenye mamlaka hadi shilingi milioni 300 kwa madai ya kurudishiwa mali isiyohamishika. Madeni ya mkataba yanaweza kwenda Mahakama ya Mwanzo mpaka milioni 30, na zaidi ya hapo Mahakama ya Wilaya, kwa kikomo chake. Mkiwa na kifungu cha usuluhishi chini ya Sheria ya Usuluhishi ya 2020, mahakama itasimamisha kesi muende huko kwanza. Kwa ugomvi wa mashine napenda kifungu kinachomtaja fundi wa tatu, kwa wadhifa wake, na kumpa siku saba za kutoa maoni.

Kupambana na halmashauri iliyokunyima au kukufutia leseni ni mlima mwingine. Tangu marekebisho ya 2020, kuishtaki serikali ya mtaa kunahitaji notisi ya siku 90, kumuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na kufungua shauri Mahakama Kuu. Siku 90 kuanzia mwezi wa tano zinakupeleka mwezi wa nane, mpunga umeshakobolewa kwa jirani. Mahakama Kuu inaweza kutoa zuio la Mareva, yaani amri ya muda ya kuzuia, wakati notisi inasubiri, lakini hilo linataka wakili, nauli na sababu nzito. Ndiyo maana naweka uzito wote kwenye leseni kabla ya kusaini, kuliko kwenye kesi baada ya kufungiwa.

Mwenye kinu akiweka kufuli, ndani mna mpunga wa watu. Wewe uliyeupokea ndiye unayewajibika kwa wateja hao kama mtunza amana, kufuli liwe la nani. Andikeni kwamba mgogoro wowote ukitokea, wateja waruhusiwe kutoa mizigo yao kwa stakabadhi, na mwenye kinu asiishike kama dhamana ya kodi yake.

Tarehe ya mwisho wa mkataba nayo muichague kwa kalenda ya shamba. Mkataba wa mwaka uliosainiwa Mei unaisha Mei, yaani mwenye kinu anapata nguvu ya kukupandishia kodi wiki ileile malori ya kutoka Usangu yanapoanza kuingia. Uishie mwishoni mwa Januari, akiba za magunia zikiwa zimepungua, na taarifa ya kuhuisha itolewe Novemba. Mwea, ambako mavuno makuu huangukia Novemba mpaka Januari, tarehe hizo zigeuzwe.